Sura ya Sita: Siku za Baada ya Kusema

Melinda Sordino anaanza darasa la tisa akiwa hana rafiki hata mmoja. Wakati wa likizo alipiga simu polisi kutoka kwenye sherehe ya vijana. Polisi wakaja, sherehe ikavunjika, na tangu siku hiyo shule nzima inamhesabu msaliti. Hakuna aliyemuuliza kwa nini alipiga simu. Alipiga kwa sababu usiku ule, kwenye miti ya nyuma ya nyumba, mvulana wa madarasa ya juu aitwaye Andy Evans alimbaka. Melinda hajamwambia mtu. Kadiri muhula unavyosogea, hata maneno ya kawaida yanamkauka kooni. Anajing'ata midomo mpaka inachubuka na kuota magaga. Hataki kujitazama kwenye kioo. Maksi zinaporomoka. Wazazi wake wamezama kazini, na mazungumzo yao na binti yao ni vikaratasi vinavyoachwa jikoni. Wanachokiona wao ni mtoto mvivu aliyeshikwa na ukaidi wa umri.

Hiyo ndiyo Speak, riwaya ya Mmarekani Laurie Halse Anderson iliyotoka mwaka 1999. Iliingia kwenye orodha ya mwisho ya National Book Award mwaka huohuo, ikatengenezewa filamu mwaka 2004, na mwaka 2018 ikatolewa upya kama riwaya ya michoro. Mwaka 2023 Anderson alipewa Tuzo ya Kumbukumbu ya Astrid Lindgren huko Sweden, tuzo kubwa kuliko zote duniani kwa fedha katika fasihi ya watoto na vijana. Na bado kitabu hiki kimekuwa kikiondolewa kwenye rafu za shule mara kwa mara. Mwaka 2020 kilishika nafasi ya nne katika orodha ya Chama cha Maktaba cha Marekani ya vitabu vilivyolalamikiwa zaidi nchini humo. Mwaka 2010 profesa mmoja wa jimbo la Missouri aliandika gazetini kwamba kitabu hiki ni aina ya ponografia. Kitabu kinachosimulia msichana anayeteswa na kumbukumbu ya kubakwa!

Riwaya za vijana zinazohusu kubakwa, kupigwa, kujiumiza na safari ndefu ya kupona zina wasomaji wengi na maadui wengi. Wanaozitetea husema zinaokoa maisha. Wanaozipinga husema zinafundisha mabaya. Nimezisoma kwa miaka mingi, na naamini pande zote mbili zinauliza swali pungufu. Kuuliza kama kitabu kina maumivu au hakina hakutufikishi popote, maana maisha ya vijana yana maumivu tayari. Mimi huuliza kitabu kinamwonyesha nini msomaji baada ya maumivu kutajwa: nani alisikiliza, kesho yake ikawaje, na mtu aliyeumia aliishi vipi wiki iliyofuata na mwezi uliofuata. Hapo ndipo kitabu kinapomfaa mtoto au kumdhuru.

Tuangalie kwa karibu jinsi Anderson anavyofanya. Siku ya kwanza ya somo la sanaa, mwalimu Freeman anawapitishia wanafunzi tufe la dunia lililovunjika, lililojaa vikaratasi. Kila mmoja anachukua kimoja, na neno atakalolikuta ndiyo kazi yake ya mwaka mzima. Melinda anapata "mti". Anaona ni rahisi mno, anataka kurudisha achukue kingine. Freeman anakataa. Basi mwaka mzima Melinda anahangaika na mti. Anauchora kwa rangi za maji ukiwa umepigwa na radi. Anauchonga, unaharibika, anaanza tena. Freeman hamhoji yaliyompata. Anamwambia ukweli kuhusu kazi yake, kwamba bado haijapata uhai, kisha anamwachia nafasi na mlango wazi. Na nyumbani baba yake Melinda anamwita fundi aje kukata matawi ya mti mkubwa ulioshikwa na ugonjwa uani. Mtoto mmoja wa mtaani analalamika kwamba mti unauawa. Baba anamweleza kwamba kinachokatwa ni kile kilichooza, ili mti upate kuota upya. Melinda anasikia yote hayo. Hakuna anayemgeukia kumwambia kwamba mti ni yeye; Anderson anamheshimu msomaji wake wa miaka 14 kiasi cha kumwachia aone mwenyewe.

Kuna tukio jingine ambalo sijalisahau tangu nilisome. Kwenye choo cha wasichana Melinda anaandika ukutani jina la Andy Evans, chini ya maneno yanayowaonya wasichana kuhusu wavulana wa kukaa nao mbali. Anaporudi baadaye, ukuta umejaa miandiko mingine. Wasichana asiowajua wamejibu. Wanamjua Andy, na wanajua anachofanya. Kwa mara ya kwanza tangu likizo, Melinda anatambua kwamba hayuko peke yake. Mtu aliyewahi kufanya kazi na vijana walioumizwa anajua uzito wa jambo hilo. Aibu humnong'oneza mtoto kwamba yaliyompata yamempata yeye tu, kwa sababu ana kasoro fulani inayomwita mwovu. Ukuta ule wa choo unaivunja kauli hiyo bila hotuba.

Sifa nyingine ya Speak ni kwamba Melinda haokolewi na mchumba. Yuko mvulana mwema, David Petrakis, mwenzake wa maabara ya biolojia, na urafiki wake una maana. Lakini Anderson hakumpa kazi ya kumponya mtu. Nasisitiza hili kwa sababu riwaya nyingi dhaifu za aina hii hufuata njia hiyo: msichana ana majeraha, mvulana mzuri anatokea, anayabusu, yanapona. Msomaji aliyeumia akifunga kitabu hicho hubaki akimsubiri mtu asiyekuja. Mbaya zaidi, atakayekuja anaweza kuwa wa kumuumiza upya.

Speak inaishia pale Melinda anapofungua mdomo kumweleza Freeman. Hatuambiwi polisi walifanya nini, mama alilia vipi, wala kama Andy alifungwa. Mwaka 1999 kufika pale tu kulikuwa kazi kubwa. Mwandishi mwenyewe alichukua muda mrefu kuliko Melinda: katika Shout, kitabu chake cha kumbukumbu za maisha alichokiandika kwa mashairi mwaka 2019, Anderson anaeleza kwamba alibakwa akiwa na miaka 13, na alikaa na siri hiyo zaidi ya miaka 20. Baada ya Speak kutoka, barua zilimiminika kutoka kwa wasomaji, nyingi zikisimulia yaliyowapata wao. Aliunda shairi zima kutokana na maneno ya barua hizo. Amezunguka shule za Marekani kwa miongo miwili, na ameandika kwamba kila alikokwenda wapo wavulana waliomuuliza, kwa dhati kabisa, kwa nini Melinda aliumia kiasi kile. Hawakuwa wanadhihaki. Hakuna mtu mzima aliyewahi kuwafundisha ridhaa ni nini. Kwa hiyo kitabu hiki ni cha wavulana pia, na mwalimu anayekigawa kwa wasichana peke yao anafanya nusu ya kazi.

Mwaka mmoja baada ya Speak, Patricia McCormick alichapisha Cut, na simulizi ikasogea hatua moja mbele. Callie ana miaka 15. Yuko Sea Pines, kituo cha tiba ambako wasichana wanakaa kwa miezi, wengine kwa sababu ya kukataa kula, wengine kwa dawa za kulevya, yeye kwa kujikata. Kama Melinda, amekuwa bubu. Lakini ufundi wa McCormick uko hapa: Callie, ambaye hasemi na mtu yeyote, anatusimulia kila kitu, na anamsimulia mtu anayemwita "wewe". Huyo "wewe" ni daktari anayekaa mbele yake ofisini siku baada ya siku, akimsubiri. Msomaji anajikuta amekalia kiti cha daktari. Anajifunza kusubiri. Anajifunza kwamba kimya cha mtoto hakijazwi kwa maswali ya harakaharaka.

Tunapata kujua taratibu kwamba Callie ana mdogo wake, Sam, mgonjwa wa pumu. Siku moja Sam alizidiwa Callie akiwa ndiye anayemwangalia, na tangu hapo ameshikilia kwamba kosa ni lake. Familia nzima imezunguka ugonjwa wa Sam, na hakuna aliyebaki na macho ya kumtazama Callie. Kuelekea mwisho anatoroka kituoni, anampigia baba yake simu, na baba anakuja. Wanakaa mgahawani. Hapo baba anakiri kwamba siku ile yeye ndiye aliyestahili kuwa nyumbani. Mtu mzima anaupokea mzigo aliokuwa amebebeshwa mtoto. Na kinachofuata ndicho ninachokipenda zaidi: Callie anaomba arudishwe Sea Pines. Hajapona, na anajua hajapona. Safari hii anarudi kwa hiari yake.

Hapa inafaa kusema wazi kujiumiza ni nini, kwa sababu hata wazazi wenye nia njema hukosea. Kijana anayejikata au kujidhuru kwa namna nyingine mara nyingi hataki kufa. Anatafuta nafuu ya hisia zilizozidi uwezo wake wa kuzibeba; au amekufa ganzi na anataka kuhisi chochote; au anajiadhibu kwa kosa ambalo aghalabu si lake. Nafuu hiyo ni ya muda mfupi, aibu inayofuata ni ndefu, na aibu hiyo humrudisha palepale. Uchambuzi mkubwa wa tafiti za nchi mbalimbali uliochapishwa mwaka 2014 ulikadiria kwamba asilimia 17 hivi ya vijana balehe wamewahi kujiumiza bila nia ya kujiua. Ingawa nia si kufa, kujiumiza ni ishara ya hatari isiyopuuzwa, maana wanaojiumiza wako karibu zaidi na hatari ya kujiua kuliko wenzao. Kusema "anatafuta tu kuonekana" ni ukatili. Wengi wao huficha kwa miaka. Na hata anayetaka kuonekana, basi aonekane. Ndiyo haja yake.

Sasa turudi kwa wapinzani, kwa sababu si wote wajinga. Juni 2011 mhakiki wa vitabu vya watoto wa gazeti la Wall Street Journal, Meghan Cox Gurdon, aliandika makala iliyowaka moto. Alilalamika kwamba rafu za vijana zimejaa giza, na akaonya kwamba vitabu vinavyosimulia kujiumiza vinaweza kulifanya jambo hilo lionekane la kawaida na kulisambaza kwa watoto ambao wasingelifikiria. Waandishi walimjia juu. Mwandishi Maureen Johnson akawaomba wasomaji waeleze kwenye Twitter vitabu hivyo vimewafanyia nini, na maelfu wakajibu, wengi wakisema kitabu fulani ndicho kilichowafanya watafute msaada. Mimi niko upande wa wasomaji wale. Hata hivyo hofu ya Gurdon ina msingi, na anayeandikia vijana bila kuijali hiyo hofu hafai kuaminiwa.

Msingi wake ni wa zamani. Goethe alichapisha Mateso ya Kijana Werther mwaka 1774, riwaya ya kijana anayejiua kwa mapenzi, na habari za vijana kumwiga zikaenea Ulaya. Mwaka uliofuata mji wa Leipzig ukakipiga marufuku kitabu hicho. Miaka 200 baadaye, mwaka 1974, mwanasosholojia David Phillips alichunguza takwimu za Marekani na kuonyesha kwamba baada ya magazeti kuandika kwa kishindo habari ya mtu aliyejiua, idadi ya wanaojiua ilipanda. Akaliita jambo hilo kwa jina la Werther. Kama uchunguzi ungeishia hapo, wanaofungia vitabu wangekuwa na haki. Lakini mwaka 2010 mtafiti wa Vienna, Thomas Niederkrotenthaler, na wenzake walichapisha upande wa pili. Walichambua habari za magazeti ya Austria wakakuta kwamba simulizi za watu waliofikia ukingoni, kisha wakapata njia ya kuvuka bila kujiua, ziliambatana na kupungua kwa vifo. Wao wakachukua jina la Papageno, yule mshika ndege wa opera ya Mozart ya mwaka 1791, ambaye amekata tamaa ya kuishi mpaka watoto watatu wanamkumbusha kwamba iko njia nyingine.

Hii ina maana kwamba jambo lilelile, likisimuliwa kwa namna mbili, linaweza kuvuta mtu kuelekea kifo au kumrudisha kwa watu. Kinachotenganisha ni mambo ambayo mwandishi ana uwezo nayo kabisa: je, anaeleza njia na vifaa kama mafunzo? Anakifanya kifo kionekane kama ushindi au kisasi? Anaonyesha msaada, na msaada unafanya kazi?

Kwa kipimo hicho, Thirteen Reasons Why inanitia shaka. Jay Asher aliichapisha mwaka 2007: Hannah Baker amejiua na ameacha kanda zinazowafikia waliomkosea, mmoja baada ya mwingine. Ni riwaya inayosomeka kwa pumzi moja, na inasema kweli kuhusu uvumi na ukatili wa shuleni. Lakini mpangilio wake unampa Hannah, akiwa kaburini, nguvu ambayo hakuwa nayo akiwa hai. Wote wanamsikiliza. Wote wanajuta. Mtu mzima pekee anayeendewa, mshauri wa shule, anashindwa kumsaidia. Kwa msomaji aliye ukingoni huo ni ujumbe wa hatari. Tamthilia yake ilipotoka Netflix Machi 2017, wataalamu walipiga kelele. Utafiti wa mwaka 2019 uliona ongezeko la asilimia 28.9 la vijana wa miaka 10 hadi 17 waliojiua Marekani mwezi uliofuata, ingawa watafiti wengine waliporudia hesabu walipinga kwamba tamthilia ndiyo iliyosababisha. Julai 2019 Netflix waliondoa tukio la kifo lenyewe. Shirika la Afya Duniani nalo lilitoa mwaka huo mwongozo kwa watengenezaji wa filamu na tamthilia. Kitabu hakipaswi kufungiwa kwa hayo. Kinapaswa kusomwa na mtu mzima pembeni, na kwa mtoto aliye hatarini ni bora aanze na kingine.

Kingine hicho, kwa msomaji aliyefika miaka 15 au zaidi, kinaweza kuwa Girl in Pieces ya Kathleen Glasgow, iliyotoka mwaka 2016 na kupata wasomaji wapya kupitia TikTok miaka kadhaa baadaye. Glasgow mwenyewe alijiumiza ujanani na ameliandika hilo waziwazi kwa wasomaji wake. Charlie Davis ana miaka 17. Baba amekufa, mama alikuwa akimpiga, rafiki wa karibu amempoteza, amelala mitaani, na mwanzoni mwa kitabu yuko hospitali huko Minnesota, naye hasemi. Utaona waandishi wote watatu wamechagua msichana asiye na sauti. Lakini kwa Glasgow hospitali ni mwanzo tu. Fedha zinaisha, Charlie anatolewa kabla hajawa tayari, mama hamtaki, anapanda basi kwenda Tucson, Arizona, kwa rafiki.

Kuanzia hapo kitabu kinafanya kazi ambayo Speak na Cut hazikuifanya. Charlie anatafuta chumba. Anaosha vyombo kwenye mgahawa wa kahawa. Anavaa mikono mirefu kwenye joto la jangwa ili watu wasione makovu. Anachora, na kuchora kunamshika asianguke. Anampenda Riley, mwanamuziki mlevi anayependeza na kuumiza, na uhusiano huo unamrudisha nyuma vibaya sana. Anaanguka. Kisha watu wa kawaida, mfanyakazi mwenzake mmoja na babu wa rafiki ambaye ni mchoraji, wanamchukua, wanampa mahali pa kulala, kazi ya mikono na muda. Hakuna muujiza. Msomaji anaona kwamba kurudia kosa hakufuti hatua zilizokwishapigwa. Mtoto anayejiumiza, akirudia baada ya wiki 6 za kujizuia, huamini ameshindwa kabisa na hana sababu ya kuendelea. Charlie anamwonyesha kwamba kesho yake bado ipo.

Ni kitabu kigumu. Kina kurasa ambazo nisingempa mtoto wa miaka 12, na kina maelezo ya majeraha ambayo kwa maoni yangu yangeweza kupunguzwa bila kitabu kupoteza kitu. Lakini kinasema kweli kuhusu jambo ambalo wazazi wengi wanalihitaji kuliko watoto wao, yaani muda.

Na ukweli huo una ushahidi hai nje ya riwaya. Mwaka 1961 msichana wa miaka 17 aitwaye Marsha Linehan alilazwa katika hospitali ya akili ya Institute of Living, mjini Hartford, Connecticut. Alikuwa akijiumiza vibaya kiasi kwamba alifungiwa chumba cha peke yake, na alikaa hospitalini hapo zaidi ya miaka 2. Alitoka, akasoma, akawa profesa wa saikolojia, akaunda tiba iitwayo DBT ambayo leo ni miongoni mwa tiba zenye ushahidi mzuri zaidi kwa watu wanaojidhuru. Inamfundisha mgonjwa stadi za kila siku: kuvumilia dakika ngumu mpaka ipite, kuitambua hisia na kuitaja, kuomba anachohitaji. Juni 2011, akiwa mtu maarufu tayari, Linehan alirudi Hartford na kusimulia mbele ya watu historia yake kwa mara ya kwanza hadharani. Alichokivumbua ndicho alichokikosa alipokuwa na miaka 17.

Msomaji wa Kiswahili anaweza kuniuliza sisi tuna nini. Tuna Rosa Mistika. Euphrase Kezilahabi aliichapisha mwaka 1971, akiwa kijana mwenyewe, na hakuna riwaya ya Kiswahili iliyoingia mapema namna hiyo katika moyo wa msichana aliyeumizwa nyumbani. Zakaria, baba mlevi, anampiga Rosa kikatili kwa sababu ya barua ya mvulana. Kipigo hicho hakimlindi na chochote. Rosa anakwenda bwenini akiwa hajui wanaume isipokuwa kuwaogopa, na ulimwengu unamchukua jinsi ulivyo. Mwisho anajiua. Kitabu kilizuiwa mashuleni kwa kuonekana kichafu, na baadaye kikaja kusomwa na vizazi vya wanafunzi. Walikizuia kwa sababu ya mambo ya kitandani, kama walivyofanya kwa Speak. Kuhusu kipigo cha Zakaria, hata kelele sikumbuki kuzisikia.

Naiheshimu Rosa Mistika kama kazi kubwa. Lakini niseme ninavyoona: ni riwaya inayowashtaki wazazi, na kwa kazi hiyo haina mpinzani, ila kama kitabu cha kumpa msichana aliyeko ndani ya tanuri hilohilo, inamwacha bila njia. Rosa hana Freeman. Hakuna mtu mzima hata mmoja anayemsubiri aseme. Darasani hufundishwa dhamira, wahusika na migogoro, na mtihani huuliza nani alaumiwe. Sijaona mtihani unaouliza ni siku gani katika kitabu mtu angeweza kumnusuru Rosa, na angefanya nini. Mwalimu anayesoma sura hii anaweza kuanza kuuliza swali hilo wiki ijayo, hahitaji kibali cha mtu.

Haja ipo. Utafiti wa kitaifa wa ukatili dhidi ya watoto uliofanyika Tanzania mwaka 2009 ulikuta kwamba karibu wasichana 3 kati ya 10 na mvulana 1 kati ya 7 walifanyiwa ukatili wa kingono kabla ya kufika miaka 18. Na kwa muda mrefu sheria zenyewe zimewafunga watu midomo. Nchini Kenya kujaribu kujiua kulikuwa kosa la jinai chini ya kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu, mpaka Mahakama Kuu ilipotamka Januari 2025 kwamba kifungu hicho kinakiuka Katiba. Mama anayeogopa polisi hampeleki bintiye zahanati. Anamficha ndani na kumwombea.

Kwa hiyo nawasihi waandishi wa Kiswahili, hasa wale wanaoandikia shule: tuandikieni Rosa anayebaki hai. Msimfanyie miujiza. Mpeni shangazi mmoja anayejua kunyamaza, au muuguzi wa shule anayefunga mlango kabla ya kuuliza. Mwonyesheni anasema, haaminiwi na wa kwanza, anaaminiwa na wa pili. Kisha mwandike mwaka unaofuata, na siku alizoanguka ndani yake, mpaka siku ya kawaida kabisa anapogundua tangu asubuhi hajafikiria kujiumiza. Msieleze vifaa wala namna. Msomaji aliyeumia anazijua tayari, na asiyezijua hana haja nazo.

Nawe mzazi au mlezi, ukikuta mtoto wako anasoma kitabu cha namna hii, usikinyang'anye. Kisome. Ukimaliza muulize mhusika yupi alimgusa, kisha msikilize mpaka amalize, hata kama jibu ni kimya cha siku 3. Akikuonyesha jeraha, au ukiliona bila kuonyeshwa, usipige kelele, usimwapishe asirudie, usiwaite wajomba wakae kikao. Mwambie unafurahi kwamba umejua, tibu kidonda kama vidonda vingine, na tafuta mshauri nasaha au daktari mwende pamoja. Na kama wewe unayesoma ndiye unayejiumiza, mtafute mtu mzima mmoja unayemwamini umwambie leo. Wa kwanza asipokuelewa, nenda kwa wa pili. Tanzania na Kenya, simu ya msaada kwa watoto ni 116, na kupiga ni bure.